Papa wa taksi-busi, moshi wa Lubumbashi hauanzii ku gari yako

Swali limeandikwa hivi, nalifupisha kidogo: "Mutaalamu, mimi ni shofa wa taksi-busi, natoka komini ya Kenya, hapa Lubumbashi, Kongo, naingia mjini, narudi, kila siku. Gari yangu ni Hiace ya mazuti (dizeli), ya zamani, nilinunua okazyoni, yaani imekwisha tumika. Watu wa rulaji, polisi wa barabarani, wananisimamisha juu ya moshi. Juzi nimesikia ku redio mutu mmoja anasema serikali ikataze magari yote ya zamani mu mji ili hewa ikuwe safi. Niko na watoto sita, wa mwisho ana asma. Hewa safi naitaka kama kila mutu. Lakini wakikataza gari yangu tutakula nini, na abiria wangu watapanda nini? Kwa wenzetu walifanya namna gani?"

Papa, asante. Nimesoma mara mbili, juu wengi wanaoniandikia wanakuja na upande mmoja, ama moshi ama mkate, na wewe umebeba zote mbili, tena na mtoto wa asma nyumbani. Pole sana kwa mtoto. Nitakujibu kwa urefu maana hii kazi ya kupima hewa nimeifanya miaka mingi, hapa Lubumbashi na Likasi, na roho inaniuma nikisikia inazungumzwa kama vile shida yote ni shofa maskini na bomba lake la moshi.

Nianze na ile inayokunyima usingizi. Hapana, kukataza Hiace yako siyo pa kuanzia. Sisemi moshi wake hauna ubaya, una ubaya, tutafika huko. Lakini nyoka hakamatwi mkia. Lubumbashi tuna bahati ambayo miji mingi haina: karibu kila kitu kinachotoa moshi ku barabara zetu kinaingia kwa milango michache sana, na mkubwa kuliko yote ni Kasumbalesa, mpaka wetu na Zambia. Mafuta yanapita pale, magari ya okazyoni yanapita pale, makamyo ya mine yanapita pale. Ukisafisha mlango umesafisha nyumba nusu bila kumgusa mtu anayelala ndani. Ukiacha mlango wazi ukaanza kukimbizana na mashofa moja moja ku chaussée ya Kasenga, utakimbia miaka 20 na hewa itabaki vile vile, kitakachobadilika ni mfuko wa yule anayekusimamisha.

Kwanza ujue tunapigana na nini. Moshi wa mazuti ni masizi, chembe ndogo sana, ukichukua unywele mmoja upana wake unaweza kupanga chembe kama 30 hivi na zaidi, na udogo huo njo hatari yake: pua haizikamati, koo halizikamati, zinashuka mpaka chini kabisa ya mapafu na nyingine zinaingia damu. Pamoja nazo kuna gesi za nitrojeni zinazochoma njia za pumzi, na mtoto wa asma anazisikia wa kwanza kabla wewe hujasikia kitu. Mwaka 2012 watafiti wa kansa wa Shirika la Afya Duniani waliweka moshi wa dizeli mu kundi moja na tumbaku, yaani vile vitu ambavyo imehakikishwa vinaleta kansa. Mwaka 2021 Shirika hilo lilishusha kipimo chake cha vumbi laini, kutoka maikrogramu 10 mpaka 5 kwa kila meta ya ujazo kwa wastani wa mwaka, juu iligundulika hata kidogo kinaumiza. Na sisi hapa mwezi wa sita na wa saba, asubuhi baridi imekaza, hewa nzito ya baridi inalala chini na ile ya moto kidogo inakaa juu yake kama mfuniko wa sufuria, basi moshi wa magari na wa makala na wa takataka zinazochomwa unabaki pale pale, urefu wa pua ya mtoto anayeenda masomo, mpaka jua lipande. Hiyo saa wewe unaijua kuliko mimi, unakuwa tayari ku barabara.

Sasa milango. Wa kwanza ni mazuti yenyewe, na hapa nitakaa kidogo juu watu hawapazungumzii. Moteri nzuri ukiinywesha mazuti mabaya itatoa moshi mbaya, hakuna fundi atakayekusaidia. Shida inaitwa salfa. Ni ile ile kitu ya njano unayoona makamyo yanapeleka ku mine kutengeneza asidi. Iko pia mu mafuta yanayotoka chini ya ardhi, na kiwanda kisipoitoa inabaki mu mazuti. Ikichomwa inaongeza chembe mu moshi, na ubaya wake mkubwa zaidi ni kwamba inaua vifaa vya kusafisha moshi: katalizeri inapoteza nguvu, filtri inaziba. Njo maana mtu analeta kamyo jipya la Ulaya, la bei kubwa, baada ya muda linatoa moshi kama lile la baba yake. Nchi za Kenya, Uganda, Tanzania, Rwanda na Burundi zilikubaliana pamoja kwamba kuanzia Januari 2015 dizeli isizidi sehemu 50 za salfa kwa milioni, wakati kabla ya hapo kulikuwa na dizeli ya sehemu 500 na zaidi. Hakuna shofa aliyesimamishwa ku barabara juu ya hilo, hakuna gari iliyokatazwa. Mafuta yalibadilishwa ku bandari, basi, na kila gari ya zamani ilianza kutoa moshi wenye sumu pungufu siku hiyo hiyo, hata ile ambayo mwenyewe hakujua kitu kimebadilika.

Na Kongo imeingia Jumuiya ya Afrika Mashariki mwaka 2022. Sasa kwa nini sisi tukubali mazuti ambayo wenzetu wa nyumba moja walikataa? Tena angalia ng'ambo tu hapa. Zambia wana bomba la TAZAMA, kilometa 1,700 na kitu kutoka Dar es Salaam mpaka Ndola. Miaka na miaka lilikuwa linasafirisha mafuta ghafi kwenda ku kiwanda cha Ndola, tangu 2023 linasafirisha dizeli iliyokwisha kusafishwa, ya salfa kidogo. Ndola iko karibu na sisi kuliko mji wetu wenyewe wa Kolwezi! Kwa hiyo mtu asituambie mafuta safi yako mbali. Serikali yetu inapanga bei ya mafuta kwa zone, sisi tuko zone ya Kusini, na OCC iko mpakani inakagua bidhaa. Ofisi ziko, karatasi ziko. Kinachokosekana ni mstari mmoja mu sheria wenye namba, laboratwari ya kupima kila shehena, na ujasiri wa kurudisha kamyo la sisterni lililoshindwa kipimo, hata kama mwenye mafuta ni mtu mkubwa. Bila hilo la mwisho mawili ya kwanza ni kazi bure.

Ukiniambia ni ndoto nitakukumbusha esansi (petroli) ya risasi, ile metali nzito. Zamani esansi yote iliwekwa risasi ili moteri isigonge, na risasi ile ilitoka na moshi ikaingia damu ya watoto na kupunguza akili yao, watoto wa mjini hasa. Mwaka 2001 nchi za Afrika chini ya Sahara zilikutana Dakar zikakubaliana kuitoa, na kufika mwanzo wa 2006 ilikuwa imetoka. Nchi ya mwisho dunia nzima ilikuwa Algeria, Julai 2021. Mimi hii sera naipenda kuliko zote, kwa sababu ya vile ilivyofanyika: mama muuza mikate pembeni ya barabara hakuombwa kitu, shofa hakulipishwa faini, na watoto wa mji mzima walipona sumu moja kwa sahihi chache zilizowekwa ku meza.

Mlango wa pili ni magari ya okazyoni. Umoja wa Mataifa kupitia shirika lake la mazingira ulitoa hesabu mwaka 2020: kati ya 2015 na 2018 magari madogo yaliyotumika milioni 14 yaliuzwa kutoka Ulaya, Japani na Marekani, na mengi sana yalikuja kwa nchi zetu. Mengine yanafika yamekwisha kutolewa katalizeri, juu ndani yake kuna madini ya bei kali kama platini, wanaitoa wanaiuza, sisi tunaletewa ganda. Kenya hawapokei gari ya zaidi ya miaka 8. Uganda mwaka 2018 walifunga kwa ya zaidi ya miaka 15. Afrika Kusini magari ya okazyoni hawayataki kabisa kwa watu wao, isipokuwa kwa vibali vichache, yale tunayoona yameshukia Durban yanapita tu kuja kwetu. Zambia mwenye gari analipa ushuru wa kaboni kufuatana na ukubwa wa moteri.

Mimi binafsi umri peke yake siuamini sana. Gari ya miaka 12 iliyotunzwa na katalizeri yake iko inaweza kuwa safi kuliko ya miaka 6 iliyotobolewa. Ningetaka sheria iangalie vitu vitatu pamoja: umri, kiwango cha moshi ambacho kiwanda kiliitengenezea, na kama vifaa vya kusafisha moshi viko mahali pake, na ukaguzi ufanyike kule Japani kabla gari haijapanda meli, siyo Kasumbalesa ambako mtu amekwisha lipa kila kitu na anabaki kulia tu na kutafuta nani amhonge. Na angalia, papa, hii haikugusi. Hiace yako iko ndani tayari, inabaki. Sheria ya mlango inasema tu kwamba siku itakapokufa, ile itakayokuja mahali pake isiwe chafu kama yenyewe. Ndani ya miaka 10 au 15 magari ya mji yanakuwa yamegeuka bila mtu kunyang'anywa kitu.

Mlango wa tatu njo unaoniumiza kuliko yote: makamyo. Ukisimama ku barabara ya Kasumbalesa asubuhi hesabu wewe mwenyewe, yanakuja na salfa, chokaa, mashini, mafuta, yanarudi na shaba na kobalti. Mara moja nilipanda taksi-busi kama yako na kipimo kidogo cha vumbi mkononi, nikakaa pembeni ya dirisha, na kila mara tulipokuwa nyuma ya kamyo namba ilipanda kwa haraka mpaka abiria wa pembeni aliniuliza kama mashini imeharibika. Haikuharibika. Tulipolipita ilishuka.

Sasa sikia kitu ambacho vijana wengi wa hapa hawajui. Reli yetu ya Katanga iliwekewa umeme tangu miaka ya 1950! Mwaka 1952 sehemu ya Likasi mpaka Tenke, wakati ule Likasi iliitwa Jadotville, ilikuwa kati ya za kwanza dunia nzima kutumia umeme wa volti nyingi wa namna ambayo leo treni nyingi za kasi za Ulaya zinatumia. Umeme wa maji ya Lufira na Lualaba, bila moshi hata kidogo, ulikuwa unavuta shaba. Mji wenyewe umezaliwa na reli, treni ilifika hapa kutoka kusini mwaka 1910 na mji ukaota pale. Na leo mzigo uko juu ya matairi. Fanya hesabu ya haraka: tuseme treni moja ina mabehewa 40 na kila behewa linabeba tani 45, hiyo ni tani 1,800. Kamyo linabeba tani 30 hivi. Treni moja imeondoa makamyo 60 ku barabara unayopita na watoto wako wanapopita. Kwa hiyo mtu akisema pesa ya kufufua SNCC, kampuni ya reli ya serikali, ni pesa ya mabehewa na vyuma, mimi nasema ni pesa ya mapafu, na ningetaka wizara ya mazingira ikae ku meza ile ile inapozungumzwa. Upande wa Angola reli ya Lobito imepewa kampuni kwa miaka 30 tangu 2023 na kila mtu anaizungumzia kwa hesabu ya shaba na siku za safari, sijasikia hata mara moja mtu akiizungumzia kwa hesabu ya moshi.

Reli haifufuki kesho, najua. Kwa makamyo yanayobaki kuna vitu vya haraka. Ujerumani tangu 2005 kamyo linalipa kwa kila kilometa ya barabara kuu, na lililo chafu linalipa zaidi ya lililo safi, basi wenye kampuni walibadilisha makamyo wenyewe juu hesabu iliwaambia. Sisi péage, vituo vya kulipia barabara, tunazo, kamyo linalipa, lakini la moshi mweusi na la moshi mdogo yanalipa sawa. Hapo kuna kosa rahisi kusahihisha. Halafu foleni ya mpakani, kamyo linakaa siku nyingi moteri inaguna, shofa anataka hewa ya kabini ama anaogopa nafasi yake ipite. Karatasi za duane, yaani forodha, zikiisha kabla kamyo halijafika mpakani, moshi unapungua na mtu hajanunua hata skurubu. Na bashi, lile turubai: mzigo ufunikwe kweli kweli, siyo bashi la kuonyesha polisi. Mwaka 2009 watafiti wa Unilu, Chuo Kikuu cha Lubumbashi, akiwemo profesa Célestin Banza Lubaba Nkulu, pamoja na wenzao wa Leuven kule Ubelgiji, walichapisha utafiti wa mkojo wa watu wa Katanga, wakakuta kobalti na metali zingine kwa wingi wa kutisha kwa wale wanaoishi karibu na mine na viwanda. Vumbi letu siyo udongo mtupu, papa. Linapopeperushwa na tairi la kamyo linakuja na vyote.

Umesema rulaji anakusimamisha juu ya moshi. Hapa niseme wazi: moshi kuuangalia kwa macho si kipimo, jicho halina namba, na mahali hapana namba pesa njo inajaza nafasi. Kuna mashini ndogo inaitwa opasimetri, unaichomeka ku bomba la moshi, unakanyaga mara chache, inapima mwanga umezuiwa kiasi gani na moshi, inatoa karatasi. Hakuna kubishana. Mwaka mmoja mimi nilipeleka gari yangu ku kontroli tekniki, pahali sitapataja, yule bwana hakufungua hata kapo ya moteri, alipokea pesa akanipa karatasi kwamba gari ni nzima. Nilikaa mu gari nikaiangalia ile karatasi, nilisikia vibaya kabisa, juu najua nini kinapaswa kuwa nyuma ya ile sahihi. Sera nzuri ya ukaguzi, kwa mawazo yangu, inatenganisha anayepima na anayepokea pesa, na mtu akishindwa mara ya kwanza hapigwi faini, anapewa siku 30 akatengeneze, anarudi anapimwa bure. Shofa ambaye faini imekula pesa yake ya enjekta atatengeneza na nini?

Wenzetu walifanya namna gani, umeuliza. Nikupe mji mmoja uliokosea kwanza. Mexico City mwaka 1989 walisema kila gari ipumzike siku moja kwa juma kufuatana na namba ya mwisho ya plaki. Ilionekana ni akili. Watu walifanya nini? Wenye uwezo walinunua gari ya pili, mara nyingi ya zamani na chafu, yenye plaki tofauti, na watafiti walipopitia namba za hewa hawakuona imepona. Kila nikisikia mtu anapendekeza magari ya Lubumbashi yapumzike kwa zamu kufuatana na plaki naikumbuka Mexico. London walipita njia nyingine, 2003 walianza kulipisha wanaoingia katikati ya mji na gari, kisha 2019 wakaweka eneo ambalo gari chafu inalipa pauni 12.50 kwa siku, na Agosti 2023 eneo likafunika mji mzima. Lakini watu wanaotaja London wanasahau kusema pande mbili: London ina metro na mabasi kila kona, na mwenye gari chafu aliweza kupata mpaka pauni 2,000 akiipeleka kuvunjwa. Yule bwana wa redio amechukua katazo peke yake, amesahau basi na amesahau pesa.

Basi abiria wako. Kwa hili nenda Bogotá, kule Colombia. Mwaka 2000 walifungua TransMilenio, mabasi makubwa mu njia yake peke yake, na wenye mabasi madogo ya zamani hawakufukuzwa, waliingia mu kampuni kama wenye hisa, na kila basi kubwa jipya lilipoingia, mabasi kadhaa ya zamani yalipaswa kuvunjwa kabisa, siyo kuuzwa kijiji kingine. Dar es Salaam wameanza yao Mei 2016, Kimara mpaka Kivukoni, na shida zake zinajulikana, mabasi machache watu wanajazana, lakini njia ile iko na hakuna gari ya mtu mkubwa inayoruhusiwa kuiziba. Ningeota kitu kama hicho kutoka komini za Ruashi na Katuba mpaka Poste, katikati ya mji, na masharti ya kwanza yawe kwamba mashofa na wenye taksi-busi wa leo wana hisa na wana kazi ndani. Bila ninyi haitatembea, na isipotembea sote tutaendelea kumeza moshi. Delhi nayo mahakama ya juu kabisa ya India iliamuru mabasi yote yatumie gesi asilia na ilipofika mwisho wa 2002 yalikuwa yamebadilishwa, lakini sisi gesi hiyo mjini hatuna, kwa hiyo nisikupotezee muda.

Moto za manseba, zile pikipiki za kubeba abiria, nazo zinaongezeka kila kukicha. Kigali tangu Januari 2025 moto mpya ya kubeba abiria haiandikishwi kama si ya umeme, za esansi zilizoko zinaendelea mpaka zichoke. Umeona? Mlango tena. Ethiopia nayo Januari 2024 ilifunga mlango kwa magari yote madogo ya mafuta, umeme tu. Sisi umeme wetu ni wa maji, jambo zuri sana, lakini SNEL, kampuni ya umeme, inakata, kwa hiyo kijana hawezi kuchaji nyumbani, anahitaji pahali pa kubadilisha batri kwa dakika chache kama anavyonunua esansi kwa kadafi, muuzaji wa pembeni ya barabara. Ningeanza na ushuru wa forodha wa moto za umeme na batri, ushushwe kabisa.

Barabara za udongo siwezi kuziacha, japo si moshi. Gari safi kabisa ikipita kwa kasi Katuba mwezi wa nane inarusha vumbi kama chafu. FONER, mfuko wa serikali wa kutunza barabara, iliundwa 2008 na inakata kitu juu ya kila litre ya mafuta kwa ajili ya barabara, kwa hiyo kila siku unapojaza tanki umelipa tayari, ni haki yako kuuliza lami iko wapi. Na njia za watu wa miguu, juu watu wa huu mji wengi wanatembea, na anayetembea pembeni ya foleni anavuta moshi wa wote.

Haya yote yanataka namba. Siku hizi kipimo kidogo cha vumbi laini kina bei ya simu nzuri, kinatumia paneli ndogo ya jua, kinaweza kuwekwa ku shule. Vikiwekwa kama 30 mu komini zote, Kenya, Kamalondo, Ruashi, Kampemba, kila mzazi aone namba ya leo, hakuna gavana ambaye ataweza kusema hewa ni nzuri wakati ubao wa shule unasema kingine. Mimi ningeanza na hapo hata kabla ya sheria ya mazuti, juu bila namba ya mwanzo hatutajua kama sheria imefanya kazi.

Sasa gari yako. Usiiuze bado, juu atakayeinunua ataiendesha hivyo hivyo, moshi utabaki mu mji na wewe utabaki bila kazi. Angalia moshi wake asubuhi na mchana. Ukiwa mweusi, mara nyingi ni filtri ya hewa imejaa vumbi ama enjekta zinamwaga mazuti kupita kiasi, na hapo unachoma pesa yako bure, filtri ya hewa kiangazi hiki ipulize kila juma. Ukiwa wa bluu, moteri inakula mafuta ya kulainisha, hiyo ni kazi kubwa zaidi, segimenti za pistoni pengine. Mweupe ambao hauishi hata moteri ikiwa ya moto, mazuti hayachomeki vizuri ama maji yanaingia. Mazuti ya bidoni acha kama unaweza, wengine wanachanganya na petroli ya taa. Ku parking ukingoja abiria zima moteri, hasa asubuhi, na mtoto wa asma usimpandishe mbele wakati uko nyuma ya kamyo, liache litangulie mbali. Ukiisha kuangalia uniandikie moshi ni wa rangi gani na unatoka saa ngapi, nitakuambia uanze na nini kabla hujampa fundi hata franga moja.